Hesabu Pumzi kwa Gorogoro: Kutafakari kwa Anayeanza

Oyawore watu wangu, karibuni tena dukani, ingawa leo si duka, nimesukuma cherehani hadi ukutani. Ni saa 12 na robo asubuhi hapa Nyalenda, Kisumu. Nimeichagua saa hii kwa sababu fundi wa kuchomelea vyuma hapo jirani huanza kazi saa 1 kamili, na akianza, video imekwisha. Kwa hiyo yaliyo rahisi tutayapita mbio, tutulie kwenye yale yanayosumbua.

Leo ni kutafakari. Wengi mmeniuliza mito hii ya duara ninayoshona ni ya nini, na mmoja akaniuliza kama ni ya kukalia wakati wa kusonga ugali. Inawezekana, mteja ni mfalme. Lakini mimi naishona ya kukalia bila kufanya lolote.

Neno lenyewe linatuchanganya. Kwetu mtu akisema "ngoja nitafakari", ujue ana jambo: kiwanja, mchumba, karo ya muhula wa pili. Analizungusha kichwani hadi usiku. Hii ya leo hatuzungushi kitu. Kwa Kipali, lugha ya maandiko ya kale ya Kibudha, wana neno bhavana, yaani kukuza, kustawisha, kama mtu anavyostawisha shamba. Wana na lingine, sati, ambalo asili yake ni kukumbuka. Hilo la pili liwekeni mfukoni, tutalitoa baadaye.

Ndiyo, nimesema Kibudha. Ni Budha, si buda wako, yaani baba, anayekuuliza nani ameacha taa ikiwaka. Maana yake ni aliyeamka. Alikuwa mtu, Siddhartha Gautama, alizaliwa Lumbini, ambayo leo iko Nepal, yapata miaka 2,500 iliyopita. Mtoto wa nyumba kubwa. Akaacha mke, mtoto na mali, akaenda kutafuta kwa nini binadamu anateseka. Wanasimulia kwamba kwa miaka 6 alijinyima hadi mbavu zikahesabika, na hakupata jibu. Halafu mwanamke aitwaye Sujata akampa wali uliopikwa kwa maziwa. Akala. Ndipo akaketi chini ya mti pale Bodh Gaya, India, hadi akaamka.

Mimi huo wali ndio unaonifurahisha. Kuna watu wameniambia nifunge siku tatu ndipo nitafakari vizuri. Nawapeleka kwa Sujata. Kunywa chai yako kwanza.

Na Wakristo wenzangu, msianze kunitumia mistari. Jumapili mimi niko kwaya, sauti ya pili, na sijakwambia umsujudie mtu. Lakini sitakuficha kitu kilikotoka. Kuna programu za simu zinafundisha jambo hili hili na jina la Budha hulisikii popote. Mwaka 1979 Mmarekani Jon Kabat-Zinn alilipeleka hospitalini, Chuo Kikuu cha Massachusetts, akawapa wagonjwa wenye maumivu yasiyoisha, kozi ya wiki kadhaa, bila mambo ya dini ili kila mtu aingie. Yeye mwenyewe alifunzwa na walimu wa Kibudha na amelisema waziwazi. Sisi tuliokuja nyuma ndio tunadhani maji huzaliwa mferejini.

Haya. Kuketi.

Tandika mkeka. Huu ni wa mafunjo, wa akina mama wa Dunga. Weka mto. Keti nusu ya mbele ya mto, usijae wote kama unakalia sofa. Mpwa wangu, shusha simu, waonyeshe goti. Shusha. Hapo. Mnaona goti langu liko chini kuliko kiuno? Hiyo ndiyo kazi yote ya mto. Goti likipanda juu ya kiuno, mgongo unapinda wenyewe, hata ukiukemea. Magoti yakikataa kushuka, ongeza mto. Yakiuma, chukua kiti cha plastiki, keti bila kuegemea, nyayo sakafuni, umemaliza, wala hujapungukiwa.

Huu mto nao una habari zake. Mteja aliniletea wa Kijapani umechanika, nikaufungua nikitarajia sponji, yakamwagika makapi! Kule wanajaza makapi ya nafaka fulani nyeusi ambayo huku sijaiona, au sufi. Nikasema makapi? Si Ahero wanakoboa mpunga kila siku? Nikapanda matatu. Makapi ya mpunga yanachoma, kwa hiyo nayapepeta kwa ungo, naosha, naanika juani siku mbili, kisha ndani natia kitambaa cha kwanza kigumu na nje kitenge. Hili gunia mnaloliona nyuma yangu ndiyo hayo. Upana wa mto sentimita 35.

Sasa acheni kila kitu mnisikilize. Mguu ukifa ganzi, usisimame. Narudia, mguu ukifa ganzi, usisimame. Wiki yangu ya kwanza nilikaa nusu saa kwenye saruji, bila mto, kwa ushujaa tu. Simu ikaita. Nikaruka. Mguu wa kulia haukuwepo. Ulikuwepo kwa macho, lakini mimi nilipoukanyaga ni kama nimekanyaga hewa. Nikaenda na meza, na mkasi, na kifundo kikateguka. Cherehani yangu ni ya kukanyaga. Wiki mbili sikushona, na ilikuwa Januari, sare za shule zote zikaenda kwa fundi mwingine. Kwa hiyo nikisema usisimame, nasema nikiwa na hasara mkononi.

Mikono, weka popote isipohangaika. Midomo imefungwa, meno hayagusani. Macho nusu wazi, yanaangalia mkeka mbele yako. Ukifumba ni sawa pia, ila mimi nikifumba nakoroma, na mpwa wangu ana ushahidi.

Mgongo wima, lakini wima kiasi gani? Hapa nataka mfikirie nyatiti, ile ala ya Wajaluo. Nyuzi 8. Ukikaza sana uzi unakatika, ukilegeza sana unalia kama nzi. Kuna mtawa aliyeitwa Sona, kijana wa kitajiri, alitembea akitafakari kwa bidii hadi nyayo zikatoka damu, na bado hapati kitu, akaanza kuwaza arudi nyumbani akale mali zake. Budha akamfuata, akamwuliza: ulipokuwa nyumbani si ulikuwa unapiga ala ya nyuzi? Nyuzi zikikazwa mno, inalia vizuri? Hapana. Zikilegea mno? Hapana. Basi, na bidii yako ni hivyo hivyo. Nikimsikia mtu akisema ataanza na saa nzima kila siku, namwonea huruma Sona. Anza na dakika 10. Tena 10 ni nyingi, anza na 5.

Pumzi. Iache ipite puani. Usiipige pampu kama tairi la baiskeli, mimi nilifanya hivyo nikaona nyota mchana. Maelekezo ya Budha juu ya pumzi, jinsi yalivyohifadhiwa, ni mepesi kupita kiasi: nenda msituni, au kwenye shina la mti, au nyumba tupu, keti, nyoosha mwili. Ukivuta ndefu, jua umevuta ndefu. Ukivuta fupi, jua ni fupi. Mwanzoni hapo hakukwambia uirefushe. Ujue tu. Nyumba tupu hapa Nyalenda utaipata wapi sijui, tumia duka.

"Ujue tu" ni rahisi kusema. Ndiyo maana walimu waliofuata wakaongeza kuhesabu, na hapa ndipo nilipocheka peke yangu. Karne ya 5 baada ya Kristo kulikuwa na mtawa Buddhaghosa, aliandika kule Sri Lanka. Anasema anayeanza ahesabu pumzi polepole, kama mpimaji wa nafaka. Mpimaji wa nafaka! Nenda soko la Kibuye Jumapili umtazame mama wa mchele na gorogoro yake, ule mkebe wa kupimia. Anachota, anasawazisha kwa kiganja, anamwaga kwenye mfuko wako: "moja". Anachota tena, na huku anachota bado anasema "moja, moja", anatoa kijiwe, anapuliza kapi, "moja". Gorogoro ya pili ikimwagika: "mbili, mbili, mbili". Haruki namba hata ukimsemesha. Yule mtawa ameeleza vile vile, hadi kutoa takataka huku namba iko mdomoni.

Basi fanya hivyo. Pumzi ikitoka, sema kimoyomoyo: moja. Inapoingia tena, bado ni moja, imeshike. Ikitoka, mbili. Hadi kumi, kisha unarudi moja. Usipite kumi. Sababu anaitoa mwenyewe: ukihesabu chini ya tano, akili inabanwa kama ng'ombe waliojazana kwenye zizi dogo; ukipita kumi, akili inashika namba, inaiacha pumzi. Na ni kweli. Mimi siku moja nilijikuta arobaini na moja, nimejivuna kabisa, na sikumbuki hata pumzi moja. Nilikuwa nahesabu huku napanga bei ya zipu.

Tufanye pamoja. Weka kengele ya simu, dakika 5. Uso wa simu uangalie chini. Haya.

Moja.

Mbili.

Wale ni ndege, kwarara, mnawasikia? Wanapita kila asubuhi wakipiga kelele kama wanadaiwa. Waache wapite. Tatu.

Nne. Aa! Mdudu. Wadudu wa ziwani wameingia, hawaumi, ila wanapenda taa. Mpwa wangu, zima taa. Zima, kumeshakucha. Sasa nilikuwa wapi? Sijui. Nikiwa sijui, narudi moja.

Moja.

Mbili. Tat... Mmesikia huo mlio? Huo ni ujumbe wa M-Pesa. Tazameni mkono wangu umekwenda wapi. Mpwa wangu, uvute karibu, waone. Sikuutuma, umekwenda wenyewe! Na kichwani tayari nimemjua aliyelipa, nimekata kitenge, nimemwita mtu wa boda, nimegombana naye bei, yote kwa pumzi moja.

Sasa toeni lile neno mfukoni. Sati, kukumbuka. Pale nilipogundua "aa, niko kwa boda, sipo kwa pumzi", pale pale ndipo penyewe. Wengi hapo ndipo wanaposema "mimi kutafakari siwezi, akili yangu haitulii", wanakunja mkeka. Ndugu yangu, umekumbuka! Ungekuwa huwezi, ungekuwa bado uko kwa boda. Mama wa Kibuye akipotewa na hesabu, hamwagi gunia barabarani akaenda nyumbani kulia. Anarudishia gorogoro, anaanza moja, na wewe mnunuzi unatabasamu kwa sababu unadhani utapata ya bure.

Jambo moja bila mzaha. Kuna watu wakinyamaza yanawajia mazito: msiba, kipigo cha zamani. Ikikujia hivyo, usijilazimishe. Fungua macho, acha, ongea na mtu, na kama ni ugonjwa nenda hospitali. Mto wangu una makapi ndani, hauna dawa.

Moja.

Mbili.

Tatu.

Simu imelala? Inaonyesha nini, dari? Tangu lini? Tangu mdudu! Na ulisema umeuvuta mkono karibu. Haya, watazamaji, mmetafakari dari yangu, mabati yana kutu, mniwie radhi. Iegemeze kwenye gunia la makapi. Siyo juu, itateleza. Pembeni.

Nne.

Hiyo ni kengele. Imekwisha, dakika 5. Na mnasikia? Huyo ndiye fundi wa vyuma, leo amewahi.

Sasa, mguu wangu wa kulia umekufa ganzi. Sisimami. Mnaona? Nanyoosha mguu mbele polepole, nasugua shavu la mguu, nazungusha kifundo, nachezesha vidole. Unakuja ule mchonyoto wa sindano, wacha uje. Simu ikiita, iite. Mgeni akibisha hodi, mwambie karibu ukiwa chini.

Nikingoja, niwape bei. Mto wa kitenge 1,800, pamoja na makapi. Mfuko mtupu ujaze mwenyewe, 900, lakini ukijaza makapi hujaosha ukawashwa, usinipigie. Kwa Kisumu mjini naleta kwa boda, wa Nakuru na Kakamega natuma kwa matatu, nauli ni yako. Rangi chagua, ila nyeupe sishoni, vumbi la huku mnalijua.

Kidole kikubwa kimeamka. Hiki kidogo bado. Bado. Haya, sasa nashika meza, naweka mguu wa kushoto kwanza, nainuka. Mpwa wangu, zima, tufungue duka.