"Dada Umebadilika": leo najibu, na nawasimulia Tanaka Kinuyo

Habari zenu ndugu zangu, leo sipiki wala siwazungushi mtaani, nimekaa tu hapa chumbani Osaka nijibu ile koment inayokuja kila wiki, "dada umebadilika, unajifanya Mjapani". Najua nikijibu wengine watasema naringa, nikisema pagumu watasema nalialia, basi acha niseme tu.

Kuna mwigizaji wa huku, Tanaka Kinuyo. Kazaliwa 1909 Shimonoseki, baba kafariki yeye bado mdogo, hela zikakata, wakahamia hapahapa Osaka akawa anapiga biwa, kama gambusi vile, kwenye kundi la wasichana. 1924 akaingia kwenye filamu, akawa staa mkubwa kwelikweli. Sasa 1949 akaenda Marekani, miezi mitatu tu jamani! Aliondoka na kimono, Januari 1950 akarudi na miwani ya jua na nguo za kizungu, anawarushia watu mabusu. Magazeti yalimchana bila huruma.

Niliposoma hiyo nililia. Mimi nilirudi nyumbani kwenye msiba wa bibi, nimemwinamia muuza duka kumshukuru, mazoea ya huku, nikasemwa mbele za watu kwamba najishaua. Hakuna aliyeuliza nauli nimeitoa wapi. Na mwezi ule huku Osaka nilikuwa nimehama chumba, kodi, amana, halafu kuna pesa ya kumshukuru mwenye nyumba ambayo hairudi ng'o, na kampuni ya udhamini nayo inataka chake maana mgeni nani atamdhamini. Visa nayo ilikuwa inaisha, nikarudishwa dirishani mara mbili kisa karatasi moja ya kodi ya manispaa, siku mbili za kazi zimeenda, na kuongeza muda wa visa mwaka 2025 kulipanda kukawa yen 6,000.

Haya, Tanaka. Hakujificha. 1952 akaigiza kwenye The Life of Oharu, filamu ya mwongozaji Mizoguchi, watu wakanyamaza wenyewe, 1953 akaanza kuongoza filamu yeye mwenyewe, mwanamke wa pili Japani nzima, na huyohuyo Mizoguchi alimpinga! Akatoa sita.

Ila inayonishika mimi ni filamu aliyoigiza uzeeni, Sandakan No. 8, iliyompa tuzo ya mwigizaji bora wa kike kwenye tamasha la filamu la Berlin 1975. Anacheza bibi aliyeuzwa kisiwa cha Borneo akiwa binti, kwenye madanguro, na mabinti wa Kijapani kama hao walifika mpaka Zanzibar enzi hizo. Alikuwa anatuma hela nyumbani, kaka yake akapata nyumba, na aliporudi ndani ya nyumba hiyohiyo wanamwonea aibu. Nimeiangalia mara nne, pale huwa nastopisha kwanza.

Ushauri sina, kuna watu wako huku miaka 20 hawajawahi kusemwa, hii ni ya kwangu peke yangu. Shangazi shikamoo, kama unaangalia, ile hela ya bati nilituma Ijumaa, naomba uniambie kama imefika.