Jean Hersholt, mtu wa pembeni mwa stelingi

ZUHURA: Karibuni tena jamani. Leo hatumzungumzii stelingi. Nimemwomba kaka Kombo tumzungumzie yule anayesimama nyuma yake, yule ambaye ukitoka ukumbini sura yake unaikumbuka lakini jina hulijui.

KOMBO: Na mimi nilikubali palepale, dada Zuhura. Tangu mdogo nikiangalia muvi namfuata adui. Stelingi tunajua hafi, kwa hiyo mzigo wote wa hadithi anaubeba adui.

ZUHURA: Basi huyu kaubeba miaka mingi. Jean Hersholt, kazaliwa Copenhagen, Denmaki, mwaka 1886. Kwao alikuwa mtu wa jukwaani tayari. Akahamia Marekani mwaka 1913, na kufika 1915 yuko California, anaigiza kwa Thomas Ince, mtayarishaji wa sinema.

KOMBO: Ngoja hapo. Mtu katoka Denmaki na lafudhi yake nzito, anapataje kazi ya uigizaji ugenini?

ZUHURA: Kwa sababu sinema zilikuwa bubu! Maneno yanaandikwa, yanapitishwa katikati ya picha, watu wanasoma. Mtazamaji hakusikii. Kamera inataka macho, mabega, mikono na namna unavyoingia mlangoni. Ndiyo maana Hollywood ya miaka ile imejaa wageni, mbele ya kamera na nyuma yake. Hersholt alikuwa na mwili mnene, uso mpana, na alijua kujigeuza. Mwaka 1922 yuko na Mary Pickford, staa mkubwa wa siku zile, katika *Tess of the Storm Country*, na pale yeye ni mtu mbaya kabisa.

KOMBO: Halafu inakuja *Greed*. Hapa naomba tukae kidogo.

ZUHURA: Tukae.

KOMBO: Mwongozaji ni Erich von Stroheim, naye mhamiaji, katoka Vienna. Hersholt anaigiza Marcus, rafiki wa daktari wa meno. Mwanamke aliyemwachia rafiki yake anaolewa, na kabla ya ndoa anashinda bahati nasibu, dola 5,000. Kuanzia hapo Marcus haponi. Unamwona kijicho kinamla siku hadi siku. Mwishoni anamfukuza yule daktari hadi Death Valley, lile jangwa la California.

ZUHURA: Na Stroheim alikataa kupiga picha hizo mahali penye nafuu. Aliwapeleka palepale Death Valley, kiangazi cha 1923. Watu waliugua. Hersholt mwenyewe aliishia hospitalini.

KOMBO: Ukiangalia lile pambano huoni uigizaji. Unaona wanaume wawili waliokauka midomo. Maji yamemwagika, nyumbu amekufa, dhahabu ya bahati nasibu iko pale na haina kazi tena. Marcus anapigwa mpaka anakufa, lakini kabla hajafa amejifunga pingu mkono mmoja na adui yake. Aliyeshinda anabaki amefungwa kwenye maiti katikati ya jangwa.

ZUHURA: Mimi huwa nasema mwisho ule ni wa Hersholt. Gibson Gowland, aliyeigiza yule daktari wa meno, ndiye mwenye hadithi, lakini uzito wa maiti ile ndio unaoimaliza sinema. Na inauma kwamba kampuni ilichukua kazi ya zaidi ya saa 8 ikaikata hadi ikabaki kama saa 2 na kidogo. Sehemu kubwa ya kazi yake humo imepotea moja kwa moja.

KOMBO: Halafu mtu huyohuyo, mwaka 1927, ndiye mwalimu mpole wa mwanamfalme katika sinema ya Ernst Lubitsch, *The Student Prince in Old Heidelberg*. Huamini kama ni yeye.

ZUHURA: Mwaka huohuo sauti ikaingia. Wageni wengi waliokuwa na majina makubwa wakaona milango inafungwa, kwa sababu sasa kila mtu anawasikia.

KOMBO: Yeye akaokoka vipi?

ZUHURA: Nadhani kwa kutokuwa stelingi. Mpenzi wa kwenye sinema walitaka aongee kama wao, lakini daktari wa Ulaya, babu wa milimani au bawabu wa hoteli, huyo lafudhi inamfaa. Kile ambacho kingemfukuza kikawa sababu ya kuitwa. Mwaka 1937 ndiye babu yake Shirley Temple, yule mtoto staa, katika *Heidi*. Na kabla ya hapo, 1936, *The Country Doctor*, kuhusu daktari aliyewazalisha watoto watano wa tumbo moja kule Kanada.

KOMBO: Udaktari ule ukamganda.

ZUHURA: Ukamganda kwa furaha yake. Mwaka 1937 akaanza mchezo wa redio, *Dr. Christian*, ukaendelea hadi 1954. Jina alilichagua kwa heshima ya Hans Christian Andersen, mtunzi wa kwao. Na wasikilizaji wenyewe walialikwa kuandika hadithi za kipindi, kwa mashindano. Fikiria, kaka Kombo: mtu aliyeingia Hollywood kwa sababu hakuna anayemsikia, miaka 17 anaingia majumbani mwa watu kwa sauti peke yake.

KOMBO: Hilo linanigusa. Lakini kwangu mimi kazi yake kubwa haiko kwenye skrini.

ZUHURA: Sema.

KOMBO: Wengi katika tasnia ile hawakuwa matajiri. Mafundi taa, mafundi cherehani, waigizaji wa siku mbili tatu. Uzee ukifika hawana kitu. Kulikuwa na mfuko wa msaada tangu 1921, na Hersholt akauongoza kwa miaka mingi. Mastaa wakaigiza redioni na ujira wao ukaenda kwenye mfuko huo. Kwa fedha zile wakanunua shamba Woodland Hills, kule Los Angeles, wakajenga makazi ya wazee yaliyofunguliwa 1942, halafu hospitali mwaka 1948.

ZUHURA: Ndiyo maana alipofariki mwaka 1956, Akademi, chama cha watu wa sinema kinachotoa tuzo za Oscar, ambayo alikuwa rais wake kuanzia 1945 hadi 1949, ikaanzisha tuzo ya utu kwa jina lake. Inatolewa hadi leo. Audrey Hepburn alipewa, Harry Belafonte pia. Watu hulisikia jina Hersholt kwenye habari za Oscar bila kujua kwamba lilikuwa la yule Marcus wa jangwani.

KOMBO: Na pembeni ya yote hayo, alimtafsiri Andersen. Hadithi zaidi ya 160, kutoka Kidenmaki kwenda Kiingereza, zikachapishwa 1949. Mgeni ndiye anayewapa wenyeji hadithi kwa lugha yao.

ZUHURA: Kwa asiyewahi kumwona, umwanzishe wapi?

KOMBO: *Greed* ni nzito, waiache kwanza. Waanze na *Grand Hotel* ya mwaka 1932. Ina Greta Garbo, ina John Barrymore, mastaa watupu. Lakini inapofunguka, mtazame bawabu anayepiga simu hospitali. Mke wake ana uchungu wa kuzaa na yeye hawezi kuacha zamu. Mastaa wanapita mbele yake na matatizo yao, anawapa funguo, anawaitikia. Kisha subiri mpaka karibu na mwisho, uuone uso wake anapoambiwa mtoto kazaliwa.