Filimbi za Paris: Opera ya Wagner ilivyozomewa mwaka 1861

Haya jamani, walio nyuma sogeeni mbele viti vipo, tuanze.

Mtu akisikia opera, yaani mchezo wa jukwaani unaoimbwa, anawaza ukumbi wa giza, watu wamepiga suti, kimya kama msikitini. Hiyo picha ifuteni kwanza. Paris ya miaka ya 1830 mpaka 1860 taa za gesi zinawaka ukumbini onyesho likiendelea, watu wanapiga stori, wanatembeleana kwenye vile vyumba vya pembeni walivyokodi msimu mzima, wanachungulia nani kaja na nani, halafu muziki ukifika pale wanapopapenda ndo wananyamaza.

Na makofi yenyewe mengi yalikuwa ya kununuliwa, yaani kulikuwa na chawa kabisa, kundi la wapiga makofi wa kulipwa. Bosi wao pale Opera ya Paris, ule ukumbi mkubwa wa opera, aliitwa Auguste Levasseur. Huyu bwana anaingia mazoezini, anakaa na mkurugenzi Louis Véron, aliyeshika ile nyumba 1831, wanapanga wapi makofi yawe ya kawaida na wapi watu wapagawe, analipwa kwa tiketi za bure ambazo nyingine anaziuza, na waimbaji nao wanamtoa kidogo. Mimi naona hapo unapata jibu la swali kubwa la muziki wa karne ile: usiku wa opera ulikuwa mali ya nani?

Sasa njooni 1861. Richard Wagner, mtunzi wa muziki Mjerumani, madeni yamemkaba, anapata bahati: Mfalme Napoleon III wa Ufaransa, baada ya kuombwa na Pauline Metternich, mke wa balozi wa Austria, anaamuru opera yake Wagner, Tannhäuser, ichezwe Paris. Mazoezi 164! Hebu fikirieni gharama yake. Ila uongozi ukamwambia Wagner, sikiliza, hapa kila opera kubwa lazima iwe na baleti, yaani kipande cha dansi ya jukwaani, na baleti lazima ikae sehemu ya pili.

Kwa nini ya pili? Kwa sababu ya mabwana wa Jockey Club, matajiri na watu wa koo kubwa, ambao walikuwa wanakula kwanza chakula cha jioni taratibu ndo wanakuja, sehemu ya kwanza ishapita. Na walichokuja kuangalia ni wale wasichana wa baleti. Hapa naomba nikae kidogo kwa sababu panauma. Wasichana wengi walitoka familia maskini, waliitwa panya wadogo, wanaanza wakiwa watoto, malipo kiduchu, na wale mabwana wenye tiketi za msimu walikuwa na ruhusa ya kuingia nyuma ya jukwaa kwenye chumba chao cha kujinyoosha. Ukiona picha za mchoraji Degas za wacheza baleti, angalia vizuri pembeni, mara nyingi yupo mwanaume amesimama na koti jeusi. Huyo ndo alikuwa na sauti kuliko mtunzi.

Wagner akagoma. Baleti akaiweka mwanzoni kabisa, kwenye pango la Venus, mungu wa kike wa mapenzi, kwa sababu hadithi yenyewe ndo inaanzia hapo na kuitia katikati ingekuwa kuivunja. Tarehe 13 Machi 1861 pazia likafunguliwa, jamaa wakaanza kuzomea. Tarehe 18 wakaja na filimbi, Mfalme mwenyewe na mkewe wamekaa mule ndani na bado watu wanapuliza, waimbaji wanasimama wanasubiri kelele zipungue ndo waendelee, muziki wa miezi na miezi ya jasho hausikiki. Tarehe 24 hivyohivyo. Baada ya hapo Wagner akaiondoa opera yake. Maonyesho matatu, basi.

Miaka 15 baadaye, 1876, akafungua ukumbi wake mwenyewe Bayreuth, mji wa Ujerumani, akazima taa, okestra akaificha chini ya jukwaa, viti vyote vikaangalia mbele tu. Lile giza na ukimya tunaodhani ni wa opera tangu enzi na enzi, kwa kiasi kikubwa umetokea pale.

Tannhäuser ilirudi Opera ya Paris 1895, baleti iko palepale mwanzoni. Wagner alikuwa ameshafariki Venice, 1883.