Kazi ya Mwandishi wa Filamu za Makala

Assalaam alaykum, waheshimiwa wageni, na nyinyi vijana wetu mnaotaka kuishika kazi hii.

Mwandishi wa filamu ya makala huandika mara mbili. Kabla ya kamera kutoka, huandika utafiti na mpango: nani ataulizwa nini, wapi na wakati gani. Kamera ikisharudi, huyasoma mazungumzo yote yaliyonakiliwa neno kwa neno, akayachuja na kuyapanga mpaka yawe hadithi moja, ndipo mwisho akaandika usimulizi, tena pale tu ambapo picha na sauti hazijitoshelezi.

Tutazame kilimo cha mwani, kilichoanza kibiashara pwani ya mashariki ya Unguja mwaka 1989 na ambacho wakulima wake wengi ni wanawake. Asiyejua bamvu, yaani siku za maji kujaa na kupwa sana, na maji mafu, siku yanapojaa na kupwa kidogo, hawezi kuipanga filamu hiyo, kwa sababu shamba huhudumiwa maji yanapokupwa sana, karibu na mwezi mwandamo na mwezi mpevu. Akipeleka wapigapicha siku za maji mafu, atakuta vigingi vya kufungia mwani vimefunikwa na maji. Akizungumza na wakulima kwa utulivu ataambiwa kwamba kotonii, aina yenye bei nzuri zaidi, hufa bahari inapozidi joto, na kwamba maji ya kina yana ubaridi zaidi ilhali wengi wao hawajui kuogelea. Hicho ndicho kiini cha filamu, na hakipatikani kwa kukaa mjini.

Hapo sasa mwandishi anyamaze. Mama wa Paje, kijiji cha pwani hiyo, akieleza mambo hayo kwa lahaja yake, kumfunika kwa sauti ya msimulizi wa Kiswahili Sanifu ni kumdhulumu yeye na mtazamaji pia. Yatosha kuandika tafsiri chini ya picha. Jambo hili nalishikilia kwa nguvu zangu zote.

Kuhusu riziki, ajira za kudumu ni chache, na wengi hulipwa kwa filamu. Redio ni mwanzo mzuri, kwani humfundisha mtu kuliandikia sikio. Tamasha la Kimataifa la Filamu la Zanzibar (ZIFF), ambalo tangu mwaka 1998 limewakusanya watazamaji Ngome Kongwe, mjini Unguja, nalo ni darasa: kaeni katikati ya watu, muone wanapoanza kuzungumza wao kwa wao, maana hapo ndipo filamu imewapoteza.

Mkataba nao usomwe kabla ya kuandika. Utaje mwenye haki ya hati ya filamu mliyoiandika, malipo ya kila hatua, na kwamba waliorekodiwa wataoneshwa filamu kabla haijatoka, kwani sharti hilo likiachwa hadi filamu ikamilike, ni vigumu mno kulipata.