Usiikopeshe Vita Kompyuta Yako

Assalaam alaykum, watu wangu wa nyumbani. Hamjambo nyote? Niliwaahidi leo tutazunguka soko la Bremen, hapa Ujerumani, lakini naomba mniwie radhi. Nimetoka zamu ya usiku hospitalini, nimekaa hapa jikoni, na kuna jambo limenikaa kooni tangu juzi.

Mtoto wa dada yangu, Feisal, yuko Mombasa, ana miaka 19. Juzi akanitumia sauti kwenye WhatsApp: "Mama mdogo, nimepata kazi ya mtandaoni! Unaweka programu kwenye laptopu, inajifanyia kazi yenyewe, wao wanakulipa kwa sarafu za kidijitali." Nikamwambia, hebu nitumie hiyo linki. Kufungua, nakuta ni kundi la Telegram linaloiunga mkono Urusi katika vita vya Ukraine, na kazi yenyewe ni kuangusha tovuti za nchi za Ulaya. Mojawapo ni nchi hii ninayoishi mimi.

Feisal hakujua. Ndiyo maana nimewasha kamera.

Tarehe 26 Februari 2022, siku mbili baada ya majeshi ya Urusi kuivamia Ukraine, waziri wa Ukraine wa mambo ya kidijitali, Mykhailo Fedorov, alitangaza kwenye Twitter kwamba wanaunda jeshi la teknolojia, akaweka na linki ya Telegram. Waliofuata chaneli ile walipita laki tatu. Walikuwa raia, kutoka nchi nyingi, wakitajiwa mabenki na makampuni ya Urusi ya kushambulia. Nami siwacheki watu wale. Kazini nina mwenzangu, mama aliyekimbia Kharkiv kule Ukraine, na mwanawe alikuwa akikesha na laptopu mezani usiku baada ya usiku. Mji wao unapigwa makombora, yeye ana kompyuta tu. Ungemwambia nini?

Lakini sikilizeni namna kazi ile inavyokwenda. Wengi wao si wadukuzi wa kuvunja kufuli, ni watu wa kujazana mlangoni. Chukulia kibanda cha wakala wa M-Pesa pale mtaani kwenu. Watu elfu moja wanakuja dirishani kwa mpigo, kila mmoja anauliza salio ambalo hana. Wakala hajaibiwa hata shilingi, lakini mama aliyekuja kutoa pesa za dawa hafiki mbele. Ndivyo tovuti inavyoangushwa, na kompyuta ya Feisal ingekuwa mmoja wa wale elfu.

Upande wa Urusi nao ukapata makundi yake. Lipo KillNet, na lipo NoName057(16), ambalo lina mradi wake uitwao DDoSia: unaweka programu, kompyuta yako inashambulia, na wanaofanya kazi sana wanalipwa sarafu za kidijitali. Mmeona? Kazi ya mtandaoni hiyo! Mwezi Julai 2025, polisi wa nchi kadhaa wakishirikiana na Europol, shirika la polisi la Umoja wa Ulaya, walizima seva zaidi ya 100 za kundi hilo. Zikatolewa hati saba za kukamata watu, sita kati yake hapa Ujerumani. Na wafuasi zaidi ya elfu moja wakatumiwa ujumbe kwenye simu zao kuambiwa kwamba sheria inaweza kuwashika. Wafuasi, jamani. Watu wa kuweka programu tu.

Kama unaona haya ni mambo ya Wazungu, rudi nyuma hadi 27 Julai 2023. Wewe uliye Likoni, wewe uliye Kisumu, unaikumbuka. eCitizen ilianguka, na humo mlikuwa na huduma za serikali zaidi ya elfu tano: pasipoti, leseni, viza. Tiketi za treni zikasumbua, malipo ya stima yakasumbua, M-Pesa ikayumba. Waliojitangaza walijiita Anonymous Sudan, wakasema Kenya inaingilia mambo ya Sudan. Vita vya Sudan vilikuwa na miezi mitatu tu, na aliyelipa alikuwa abiria wa Mombasa asiyeweza hata kuwataja majenerali wa Khartoum.

Wengi walidhani kundi lile ni Warusi waliovaa jina la Kisudani. Oktoba 2024 Marekani ikatangaza mashtaka dhidi ya ndugu wawili Wasudani, kwa mashambulizi zaidi ya 35,000. Mojawapo ya waliotajwa kupigwa ni hospitali ya Cedars-Sinai, Los Angeles. Waendesha mashtaka walisema idara ya dharura ililazimika kuelekeza wagonjwa kwingine kwa muda wa saa nane hivi.

Hapo ndipo nilipokaa chini. Mimi ni muuguzi. Usiku wa leo tu nimempokea mzee mwenye kiharusi, na kwa mgonjwa wa kiharusi tunahesabu dakika. Saa nane!

Oktoba 2023, wataalamu wa Kamati ya Kimataifa ya Msalaba Mwekundu waliandika kanuni nane kwa raia wanaodukua wakati wa vita. Msiguse mali ya raia. Msiguse hospitali wala misaada. Msiachie programu haribifu inayosambaa ovyo. Na ile ngumu kuliko zote: zishikeni kanuni hizi hata kama adui hazishiki. Walionya pia kwamba raia anayeingia vitani kwa kompyuta anaweza kupoteza kinga ambayo sheria za vita humpa raia.

Sasa niambieni, kijana aliyeko Kisauni atajuaje kama anwani aliyopewa asubuhi ni ya kambi ya jeshi au ya zahanati? Hachagui yeye. Programu inaletewa orodha, inaanza kupiga, yeye yuko zake kibarazani anakunywa chai. Hata dola zenye majasusi wao hazidhibiti pigo linaishia wapi. Siku ile ile Urusi ilipoivamia Ukraine, mawasiliano ya setilaiti ya kampuni ya Viasat yalishambuliwa ili kuiziba Ukraine masikio, na huku Ulaya ya kati, Ujerumani ikiwemo, mitambo ya upepo kama 5,800 ikakosa mawasiliano na waliokuwa wakiisimamia kwa mbali.

Feisal, mwanangu, sijakukasirikia. Najua umetafuta kazi tangu umalize chuo, na najua nyumbani hali ilivyo. Nitazungumza na mama yako tuone la kufanya. Ila ile programu ifute sasa hivi, kabla hujazima video hii, halafu nipigie. Silali mpaka nikusikie.