Bangili, Vazi na Mkufu: Maisha ya Catherine wa Aragon

Mabibi na mabwana, ndugu wasikilizaji,

Mwezi wa Aprili mwaka 1506, binti wa watawala wawili waliokuwa na nguvu kubwa katika Ulaya ya siku zao alimwandikia baba yake kutoka Uingereza, akamweleza kwamba ameuza bangili zake ili apate gauni la mahameli nyeusi, kwa sababu alikuwa karibu kubaki bila nguo. Tangu aondoke Hispania alikuwa amepata magauni mapya mawili tu, na yale aliyokuja nayo yalikuwa yamechakaa. Mwandishi wa barua hiyo alikuwa na umri wa miaka 20, alikuwa mjane, na aliitwa Catherine wa Aragon.

Wengi wetu tumemsoma shuleni kama mke wa kwanza wa Henry VIII, mfalme wa Uingereza, yule aliyeachwa, kisha mwalimu akaenda mbele kwa Anne Boleyn, mke wa pili. Mimi naomba leo tukae naye, na tumtazame kupitia vitu alivyovishika mkononi mwake, huku tukiuliza kila mara ni nani hasa aliyekuwa mwenye vitu hivyo. Naamini maisha ya wanawake wa kifalme wa Ulaya hayaeleweki bila swali hilo, kwa kuwa mwanamke angeweza kuvaa taji na bado asiwe na mamlaka juu ya bangili zake mwenyewe.

Kwetu mahari hutolewa na upande wa mwanamume, na kwa Waislamu ni haki ya mke mwenyewe. Katika nyumba za kifalme za Ulaya mali ilikwenda upande wa pili: aliyetoa ni baba wa binti, na aliyepokea ni mume au baba wa mume. Upande wa mume nao uliahidi kwamba mke akifiwa atapewa mapato ya ardhi fulani yamtunze katika ujane wake. Catherine, aliyezaliwa Desemba 1485, alikuwa na umri wa miaka 3 pale mkataba wa Medina del Campo wa mwaka 1489 ulipomposa kwa ajili ya Arthur, mrithi wa kiti cha Uingereza, mtoto aliyekuwa mdogo kuliko yeye. Wazazi wake, Isabella wa Castile na Ferdinand wa Aragon, falme mbili za Hispania, waliahidi escudo 200,000, yaani sarafu za dhahabu, nusu ikilipwa wakati wa harusi na nusu baadaye. Waingereza nao waliahidi kwamba akiwa mjane atapata theluthi ya mapato ya Wales, Cornwall na Chester.

Maandalizi mengine yalikuwa ya kinyumbani zaidi, na mimi huyapenda kwa sababu ndani yake twawasikia wanawake wakiandaliana njia. Mwaka 1498 balozi wa Hispania mjini London aliripoti kwamba mama wa Arthur, Malkia Elizabeth wa York, pamoja na Margaret Beaufort, mama yake mfalme, walitaka binti huyo azoezwe kuzungumza Kifaransa, kwa maana mabibi wa Uingereza hawakujua Kihispania wala Kilatini. Tena aanze kuzoea kunywa mvinyo, kwa sababu maji ya Uingereza hayanyweki. Yeye mwenyewe alikuwa amesomeshwa Kilatini vizuri sana. Walakini alipokutana na Arthur ana kwa ana mwezi wa Novemba 1501, vijana hao ambao walikuwa wameandikiana barua kwa Kilatini waligundua kwamba kila mmoja anakitamka kwa namna yake, hata hawakuweza kuelewana.

Walioana tarehe 14 Novemba 1501 katika kanisa la Mtakatifu Paulo, London. Tarehe 2 Aprili 1502 Arthur akafariki katika ngome ya Ludlow, mpakani mwa Wales. Catherine akawa mjane akiwa na miaka 16, na hapo ndipo hesabu ya mali ilipomgeukia. Nusu ya kwanza ilikuwa imeshalipwa, na Henry VII, mkwewe, hakutaka kuirudisha. Nusu ya pili Ferdinand hakutaka kuilipa kabla ya kujua hatima ya binti yake. Mapato ya ujane nayo hayakutolewa, kwa hoja kwamba mali haijatimia. Mwaka 1503 akachumbiwa na Henry, mdogo wake Arthur, na ruhusa ya Papa Julius II ikapatikana. Lakini mama yake alipofariki Novemba 1504, Castile ikamwendea dada yake Juana, na Catherine akabaki kuwa binti wa Aragon peke yake. Kwa maneno ya sokoni, bei yake ilishuka. Juni 1505, siku moja kabla ya kutimiza miaka 14, kijana Henry aliambiwa akane uchumba ule kwa siri mbele ya mashahidi, na Catherine hakuambiwa kitu.

Sehemu ya nusu ile ya pili ilikuwa ilipwe kwa vyombo vya dhahabu na fedha na kwa vito ambavyo Catherine alikuwa amekuja navyo. Basi fikirini hali yake: vyombo vimo ndani ya nyumba anamokaa, anawajibika kwa watumishi wake, masurufu kutoka kwa mkwewe hayaji kwa uhakika, na kila chombo anachokiuza ili watu wale kinapunguza mali ambayo bila hiyo hawezi kuolewa tena. Alikuwa anakula mahari yake mwenyewe. Wala hakuteseka peke yake, kwa maana mabibi waliomfuata kutoka Hispania walikuwa wameahidiwa na wazazi wake mali ya kuolewa, na wao pia walikaa wakisubiri. Katika barua zake kwa baba yake anarudi kwao tena na tena, akimkumbusha kwamba watu hawa wamemtumikia bila malipo na kwamba deni hilo linamlemea moyoni.

Mwaka 1507 Ferdinand alimpa hati za kuwa balozi wake kwa mfalme wa Uingereza, na mara nyingi hutajwa kuwa mwanamke wa kwanza kushika wadhifa wa namna hiyo katika Ulaya. Binti aliyekuwa mada ya mazungumzo akawa ndiye anayezungumza. Nadhani mafunzo yake ya utawala aliyapata hapo, katika miaka ile ya kuhesabu vijiko.

Henry VII alifariki Aprili 1509. Tarehe 11 Juni Henry VIII, akielekea kutimiza miaka 18, alimwoa Catherine huko Greenwich, na tarehe 24 wakatawazwa pamoja. Nembo yake ilikuwa komamanga, tunda la Granada, mji ambao wazazi wake waliuteka mwaka 1492 na ambao ndani ya jumba lake la Alhambra alikaa hadi alipofunga safari ya Uingereza.

Mwaka 1513 Henry alivuka bahari kupigana na Wafaransa, akamwachia mkewe utawala wa nchi na ukuu wa majeshi yaliyobaki. James IV wa Scotland akavamia kutoka kaskazini. Catherine alimwandikia Thomas Wolsey, mshauri wa mumewe, mwezi wa Agosti kwamba ameshughulika mno kutengeneza bendera na alama za askari, na mimi siisomi barua hiyo kama habari ya mwanamke aliyeachiwa kazi ya sindano, kwa sababu mtu huyohuyo ndiye aliyekuwa akikusanya watu na silaha, na alipopata habari za ushindi alikuwa tayari njiani kuelekea kaskazini. Tarehe 9 Septemba, katika uwanja wa Flodden, Waskoti walishindwa na mfalme wao akauawa. Siku saba baadaye, akiwa Woburn, Catherine alimpelekea mumewe vazi la James, akimwambia alitumie kwa bendera zake. Alikuwa amefikiri kumpelekea maiti yenyewe, akaandika, ila mioyo ya Waingereza haikuweza kustahimili jambo hilo. Barua hiyo huwashtua wanaomjua kwa sura ya mjane mpole tu. Ni binti wa Isabella aliyeiandika.

Watoto ndio waliomwangusha machoni pa mumewe. Mtoto wa kiume aliyezaliwa siku ya Mwaka Mpya 1511 alipigiwa kengele nchi nzima, akaishi siku 52. Mimba nyingine ziliharibika au zikazaa watoto wasioishi, na aliyebaki ni Mary peke yake, aliyezaliwa Februari 1516. Sheria ya Uingereza haikumkataza binti kurithi kiti, na Catherine, ambaye mama yake alikuwa mtawala kwa haki yake mwenyewe, hakuona tatizo ambalo Henry aliliona.

Mnamo mwaka 1527 Henry akaanza kusema kwamba dhamiri yake inamsumbua. Mjadala wa kurithi wajane si mgeni kwetu, na maandiko ya pande zote mbili yalikuwa mezani: Mambo ya Walawi 20:21 inakataza mtu kumtwaa mke wa ndugu yake, nayo Kumbukumbu la Torati 25:5 inaamuru kwamba ndugu wa marehemu asiye na mtoto amwoe mjane. Catherine alijibu kwa jambo moja, kwamba ndoa yake na Arthur haikuwahi kutimizwa kimwili, kwa hiyo hapakuwa na mjane wa kurithi. Mjumbe wa Papa, Kadinali Campeggio, alimshawishi aingie utawani, naye akakataa.

Tarehe 21 Juni 1529, katika mahakama ya Blackfriars, London, iliyosikiliza kesi ya ndoa hiyo, alipoitwa jina lake hakuwajibu majaji. Alikwenda moja kwa moja hadi alipokaa Henry, akapiga magoti mbele yake, akamwambia kwa Kiingereza chenye lafudhi ya kigeni kwamba yeye ni mgeni katika nchi hii, kwamba amekuwa mke mwaminifu kwa miaka 20, na kwamba Henry mwenyewe anajua kuwa alimwoa akiwa bikira. Kisha akasimama, akainama kwa heshima, akatoka. Waliita jina lake mara tatu asirudi.

Tangu hapo waling'ang'ania vitu. Mwaka 1530 Anne Boleyn aligombana na mfalme alipojua kwamba mashati ya mfalme bado yanashonwa kwa Catherine. Mwaka 1532 Henry alidai vito vya malkia, na Catherine akavizuia hadi alipoletewa amri iliyoandikwa na mfalme mwenyewe. Mwaka 1533, ndoa ikiwa imekwisha kubatilishwa na Askofu Mkuu Cranmer, Anne alitaka kitambaa cha ubatizo ambacho Catherine alikileta kutoka Hispania. Hicho hakukitoa. Sasa aliamriwa aitwe Binti Mfalme Mjane, yaani mjane wa Arthur, na watumishi waliomwita Malkia walipata taabu. Kila hati iliyoletwa ikiwa na cheo hicho aliikataa, na safari moja alikifuta kwa kalamu yake.

Binti yake hakumwona tena tangu mwaka 1531. Alifariki tarehe 7 Januari 1536 katika ngome ya Kimbolton, wiki moja tu baada ya María de Salinas, rafiki yake aliyetoka naye katika nyakati za dhiki, kufika hapo usiku bila kibali na kukaa naye hadi mwisho.

Kabla ya kufa alitaka kugawa alivyokuwa navyo. Kwa sheria ya Uingereza mke hakuweza kuandika wosia wakati mumewe yu hai, bali mjane aliweza. Angekubali cheo walichompa, angekuwa na haki kamili juu ya mali yake. Hakukubali. Aliandika orodha ya maombi kwa Henry, kama mke amwombavyo mume: magauni yake yashonwe kuwa mapambo ya kanisa, mkufu wa dhahabu alioutoa Hispania apewe binti yake, watumishi walipwe wanachodai. Na Bibi Darrell, mmoja wa mabibi waliomhudumia, apewe pauni 200 za kuolewa.