Mfalme Hussein Hakuponea Bahati

Mwenyekiti, ahsante. Ndugu zangu, assalaam alaykum na habari za jioni.

Nianze na neno moja linalonikera, maana nimelisikia tena hapo mlangoni wakati naingia. Bahati. Kila nikialikwa kumzungumzia Mfalme Hussein wa Jordan, hakosi mtu wa kunishika mkono na kuniambia, "Mwalimu, yule bwana alikuwa na bahati tu." Mwaka nenda mwaka rudi nalipinga neno hili, na leo nitalipinga tena.

Hali ya wafalme wa zama zile mnaijua, sitairudia yote. Farouk wa Misri aling'olewa 1952. Faisal wa Iraq, ndugu yake Hussein wa ukoo, aliuawa Baghdad Julai 1958. Yemen ya kaskazini 1962, Libya 1969, na ya Unguja Januari 1964 hayahitaji msimulizi. Hussein alipewa ufalme Agosti 1952 akiwa hajatimiza miaka 17, akafariki Februari 1999 akiwa bado mfalme. Mafuta hana, maji ya kugombania, na amezungukwa na Israel, Syria, Iraq na Saudia. Miaka 46 na ushei! Hiyo mnaiita bahati?

Haya, twendeni Baitul Maqdis, yaani Yerusalemu, Ijumaa ya tarehe 20 Julai 1951. Mfalme Abdullah, babu yake, anakwenda kuswali Al-Aqsa. Asubuhi ile alimtaka mjukuu wake avae sare ya jeshi na medali kifuani. Hussein ana miaka 15. Wanapoingia tu, kijana mmoja anachomoza nyuma ya mlango, anampiga mzee risasi ya kichwa kwa karibu kabisa. Kilemba kinamvuka babu, kinabingirika sakafuni. Hussein anamkimbilia muuaji, muuaji anamgeuzia bastola, risasi inagonga ile medali na kuteleza.

Wasimulizi wengi huishia hapo. Medali, basi, bahati! Nawaombeni tusiishie kwenye medali. Hussein mwenyewe aliandika baadaye alichokiona dakika ile: wale wakubwa waliokuwa wakimzunguka babu yake kila siku, waliokula mezani kwake, wametawanyika kila mtu na njia yake, wakijificha nyuso. Baadaye kijana yuko uwanja wa ndege peke yake, hakuna anayemjali. Aliyemwendea ni rubani Mwingereza, Jock Dalgleish, akamwambia twende, nitakuangalia mimi. Akampandisha ndege mpaka Amman, mji mkuu wa Jordan. Jina hilo liwekeni akiba.

Mimi nasema somo la maisha yake yote lilikuwa pale. Mtoto yule alijua kwamba wanaokuzunguka ukiwa na nguvu hawatakufaa siku ya siku. Tangu hapo hakuweka tumaini lake kwa wapambe. Aliwashughulikia maadui, mmoja mmoja, akiwaachia mlango wa kurudia.

Mwaka 1957 mkuu wake wa majeshi, Ali Abu Nuwar, alituhumiwa kutaka kumpindua. Vurugu zikazuka kambini Zarqa. Hussein akaingia garini usiku uleule, akaenda mwenyewe katikati ya askari. Abu Nuwar aliachwa aondoke nchini mzima. Baada ya miaka akasamehewa, akarudi, na miaka ya 1970 akawa balozi wa Jordan kule Paris. Nitajieni nchi nyingine ya jirani pale ambako mtu wa namna hiyo angefika hata uwanja wa ndege.

Na Laith Shubeilat je? Huyu alikuwa mhandisi, mpinzani mwenye ulimi mkali, akafungwa 1996 kwa kosa la kumvunjia mfalme heshima. Novemba mwaka uleule Hussein akaendesha gari mwenyewe mpaka gereza la Swaqa, jangwani kusini mwa Amman, akamtoa, akamkalisha pembeni yake, akamrudisha mjini mpaka nyumbani kwa mama yake. Mfalme ndiye dereva! Nimelisimulia hili mara nyingi na bado linanigusa, maana mama wa mfungwa alirudishiwa mwanawe na yuleyule aliyemfunga.

Najua kuna mkono utainuka: "Alikuwa kibaraka." Ndiyo, alipokea fedha za siri za shirika la ujasusi la Marekani, na magazeti ya Marekani yaliyafichua hayo 1977. Silifichi. Lakini ni yeye aliyemfukuza Glubb, jenerali Mwingereza aliyeongoza jeshi lake, Machi 1956. Na 1990 alikataa kuingia upande wa Marekani dhidi ya Iraq, misaada ikakatwa. Kibaraka gani huyo?

Mkono wa pili ni mzito zaidi, na haki yake tuupe. Septemba 1970 jeshi lake liliwapiga wapiganaji wa Kipalestina mitaani Amman na kwenye kambi za wakimbizi, na raia wengi walikufa. Hapo mlango ulifungwa kwa mizinga. Anayemtetea Hussein akalikwepa hilo, simuungi mkono.

Naona mwenyekiti ananionyesha saa. Mazungumzo yake ya siri na Waisraeli, yaliyoanzia nyumbani kwa daktari wake London mwaka 1963, nitayaruka. Mkataba wa Wadi Araba wa Oktoba 1994, wa amani na Israel, mnaujua. Machi 1997 askari wake aliua wanafunzi saba wa Kiisraeli, wasichana, pale Baqura, mpakani na Israel. Alikwenda kwa wafiwa akapiga magoti mbele yao, siku chache tu baada ya kumwandikia Netanyahu, waziri mkuu wa Israel wakati huo, barua kali. Oktoba 1998, saratani imemla, kichwa hakina unywele, alitoka hospitali Marekani kwenda kwenye mazungumzo ya Wye, ya Waisraeli na Wapalestina hukohuko Marekani, kuwasihi Netanyahu na Arafat. Arafat yuleyule aliyekuwa kiongozi wa wapiganaji wa Kipalestina 1970.

La mwisho, nalo ni la Syria. Novemba 1958 Hussein alikuwa akirusha ndege yake juu ya Syria, pembeni yake Dalgleish yuleyule, ndege za kivita za MiG zikawaandama. Waliteremka chini karibu na ardhi, wakaponea kurudi Amman. Septemba 1970 vifaru vya Syria vilivuka mpaka kuingia Jordan, na waziri wa ulinzi wa Syria wakati huo alikuwa Hafez al-Assad. Tarehe 8 Februari 1999, Amman, jeneza limefunikwa bendera, farasi wa mfalme akifuata bila mpandaji. Wageni wakipita kutoa heshima, kati yao yumo Assad, sasa rais wa Syria, amekuja bila kutarajiwa, amesimama mbele ya jeneza.